Kambi ndani ya machimbo: Allan Starski na seti ya Płaszów

Filamu ya Schindler's List ya mwongozaji Steven Spielberg, inayomhusu Oskar Schindler, mwenye kiwanda Mjerumani aliyewaokoa wafanyakazi wake Wayahudi wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, ilihitaji kambi ya Płaszów, na Płaszów haikuwepo tena. Kambi hiyo ya mateso ya Wanazi ilifunguliwa mwishoni mwa 1942 pembezoni mwa mji wa Kraków, Poland, juu ya viwanja viwili vya makaburi ya Wayahudi, na Wajerumani wenyewe waliibomoa kabla Jeshi Jekundu la Wasovieti halijaingia mjini Januari 1945. Miaka 48 baadaye pale palikuwa na nyasi, vilima, mnara mkubwa wa kumbukumbu uliosimamishwa 1964, na maghorofa ya makazi yaliyoonekana kila ulikogeuka. Aliyepewa kazi ya kuirudisha kambi mbele ya kamera ni Allan Starski, mbunifu wa mandhari kutoka Warsaw, aliyekuwa na umri wa miaka 50. Machi 1994 kazi hiyo ilimpa tuzo ya Oscar, pamoja na Ewa Braun, mpambaji wa seti, yaani mandhari inayojengwa kwa ajili ya filamu.

Tunakichambua kisa hiki kwa sababu uamuzi wake mkubwa haukufanyika mezani kwa penseli wala ukutani kwa brashi. Ulikuwa uamuzi wa kuchagua ardhi. Ardhi ile ilitatua mambo mengi kwa mpigo, ikazaa mengine ambayo hadi leo hayajakaa sawa.

Alikotoka

Starski alizaliwa Warsaw tarehe 1 Januari 1943, mji ukiwa mikononi mwa Wajerumani. Baba yake, Ludwik Starski, aliandika mswada wa Zakazane piosenki, filamu ya kuigiza iliyofungua upya sinema ya Poland baada ya vita ilipoonyeshwa 1947. Mwana alihitimu Chuo cha Sanaa cha Warsaw 1969, kisha akaingia kwenye mfumo wa filamu wa dola.

Mfumo huo unahitaji maelezo, kwa kuwa bila huo mafanikio ya 1993 yanaonekana kama bahati. Poland ya kikomunisti ilikuwa na vikundi vya utayarishaji vilivyolipwa na serikali, kila kimoja chini ya mwongozaji mwenye jina. Nyuma yao zilikuwepo studio za Łódź, Warsaw na Wrocław zenye karakana za useremala, mafundi plasta, mafundi rangi, na maghala ya samani na vifaa vya zamani. Fundi alifundishwa kazini na akabaki kazini. Kilichokuwa haba ni vifaa: mbao nzuri, rangi, vitambaa, fedha za kigeni. Mbunifu aliyekulia humo alijifunza kwanza kutafuta kilichopo, kisha kujenga kile tu ambacho hakipatikani. Mwongozaji Andrzej Wajda, aliyemchukua Starski kwa filamu nyingi, alifanya kazi kwa mtindo huo maisha yake yote.

Filamu tatu katika orodha ya Starski zinaeleza kwa nini aliiweza Płaszów. Ya kwanza ni Człowiek z marmuru ya Wajda, iliyoonyeshwa 1977. Inamhusu fundi mwashi aliyegeuzwa shujaa wa kazi huko Nowa Huta, mji wa viwanda kando ya Kraków, miaka ya 1950. Ndani yake mna vipande vya taarifa za habari vya rangi nyeusi na nyeupe ambavyo ni vya kutunga, lakini vinatakiwa kusimama bega kwa bega na kumbukumbu za kweli bila mtazamaji kuona mshono. Hilo ndilo zoezi gumu kuliko yote kwa mbunifu. Seti ikipendeza mno, inajisaliti. Filamu za habari za zamani hazina mpangilio mzuri. Zina nguzo iliyokata picha vibaya, bango lililopinda, tope. Mbunifu lazima apange kasoro hizo kwa makusudi na azitawanye bila kuonekana kwamba amezipanga.

Ya pili ni Escape from Sobibor ya 1987, iliyoongozwa na Jack Gold na kupigwa Yugoslavia. Hapo Starski alijenga kambi nzima ya mauaji: uzio, mabanda, minara, reli. Ya tatu ni Korczak ya Wajda, 1990, habari ya daktari aliyekwenda kufa kwenye kambi ya mauaji ya Treblinka pamoja na yatima wake, iliyopigwa nyeusi na nyeupe ikiwa na geto la Warsaw, mtaa ambamo Wayahudi walifungiwa, ndani yake.

Ziweke pamoja: picha ya kutunga inayofanana na kumbukumbu, kambi ya mbao yenye ukubwa wa kweli, geto bila rangi. Schindler's List ilidai zote tatu kwa wakati mmoja, na mtu aliyekwisha kuzifanya zote alikuwa akiishi Warsaw.

Masharti ya kazi

Bajeti ilikuwa takriban dola milioni 22, ndogo kwa filamu ya saa tatu na zaidi yenye maelfu ya watu. Upigaji ulianza 1 Machi 1993 kwa ratiba ya siku 75, na ukamalizika mapema kuliko ilivyopangwa, baada ya siku 72. Mpiga picha mkuu, Janusz Kamiński, Mpolandi aliyehamia Marekani, alipiga karibu asilimia 40 ya filamu kwa kamera ya mkononi.

Sharti la mwisho ndilo lililombana mbunifu zaidi, ingawa wasomaji wengi hulipita. Kamera ikikaa juu ya miguu mitatu au juu ya reli, mbunifu anajua mapema itaona nini. Anaweza kujenga ukuta wa mbele tu, akaushikilia kwa mihimili ya mshazari nyuma, na pembeni akaacha magari na nyaya za umeme. Kamera ya mkononi haina upande wa nyuma. Mwendeshaji anageuka akimfuata mwigizaji anayekimbia, na kila kitu kuzunguka duara zima kinaingia kwenye picha. Seti ya nusu haifai. Ama ujenge mji mzima, ama utafute mahali ambapo ardhi yenyewe inaziba usichotaka kionekane.

Kwa nini machimbo

Starski aliichagua Liban, machimbo ya mawe ya chokaa yaliyoachwa, chini ya kilima cha kale kiitwacho Kopiec Krakusa. Kampuni ya Liban na Ehrenpreis ilianza kuchimba hapo 1873. Ni mwendo mfupi kwa miguu kutoka eneo la kambi halisi.

Kujenga pale pale Płaszów hakukufaa kwa sababu ya upeo wa macho: maghorofa, nyaya, na mnara wa kumbukumbu usioweza kufichwa. Lakini hata kama upeo ungekuwa safi, ardhi ile ni kaburi. Kuchimba mashimo ya nguzo na kupitisha malori juu ya mifupa ya watu ni jambo ambalo hakuna mtayarishaji anayepaswa hata kuomba ruhusa yake.

Machimbo ni shimo. Kuta zake za mawe zinapanda pande zote na kuumeza mji wa kisasa. Kamera ikigeuka kokote inakuta mwamba, anga, au kitu kilichojengwa na mbunifu. Hivyo sharti la kamera ya mkononi lilitimizwa na jiolojia, bila kujenga hata mita moja ya ukuta wa kufichia. Pia mwamba wa chokaa ni mweupe wa kijivu, sakafu yake ni vumbi na kokoto za rangi hiyo hiyo, na wafungwa wa Płaszów kweli walivunja mawe machimboni. Mahali palifanana na hadithi kabla seremala hajapigilia msumari wa kwanza.

Gharama yake ni nafasi. Kambi halisi, ilipofikia ukubwa wake wa mwisho, ilichukua takriban hekta 80 za vilima vilivyo wazi na ilikuwa na zaidi ya majengo 100. Shimo la Liban haliwezi kubeba hayo. Starski alifanya kazi kwa kutumia michoro ya kambi yenyewe, lakini akapunguza: mabanda 34 na minara ya ulinzi 11.

Kupunguza huku si kukata tu. Ukitoa mabanda mawili kwa kila matatu ukaacha umbali kati yao kama ulivyokuwa, unapata kijiji kitupu. Ukiyasogeza karibu sana, unapoteza uwanja wa kuhesabia watu, ambao ndio moyo wa kambi yoyote ya Kinazi. Namna ya kutoka hapo ni kuubakiza uwanja katika kipimo cha kweli, kubakiza upana wa barabara kuu, kisha kubana kule tu ambako jicho halipimi, yaani safu za nyuma. Minara 11 inafanya kazi kubwa zaidi ya idadi yake. Mtazamaji hahesabu mabanda. Anatambua ukubwa wa kambi kwa kuona mnara baada ya mnara ukififia mbali.

Jinsi seti ya namna hii inavyosimama

Kwa kuwa kamera zilianza kufanya kazi 1 Machi, sehemu kubwa ya maandalizi iliangukia majira ya baridi ya Kraków, na baridi hubadilisha kila hatua ya ujenzi.

Saruji na plasta ya saruji hukomaa polepole sana chini ya nyuzi joto 5, na maji yaliyomo yakiganda kabla haijashika, zege inakuwa unga. Kwa hiyo chochote cha kumwagwa kwenye kalibu humwagwa ndani ya karakana yenye joto na kubebwa kikiwa kimekauka. Rangi za maji nazo hazishiki kwenye baridi. Hubanduka kama ngozi mvua ya kwanza ikinyesha. Mafundi hupaka mbao ndani kabla ya kuzipigilia, halafu uwanjani wanarekebisha viungo tu.

Sakafu ya mwamba haichimbiki kirahisi. Banda la mbao lina uzito mdogo na linaweza kukaa juu ya magogo yaliyolazwa na kusawazishwa kwa kokoto, lakini mnara hauwezi. Mnara ni kitu chembamba na kirefu chenye kibanda na mtu juu, na upepo ukiingia shimoni hujizungusha. Miguu yake ama itobolewe mwambani na kufungwa kwa vyuma, ama ipanuliwe chini na kulazwa mawe ya uzito juu ya kitako. Mishazari ya msalaba kila upande ni ya lazima, hata kama picha ya zamani haiionyeshi, kwa sababu mwigizaji mwenye bunduki atapanda ngazi hiyo mara kumi kwa siku. Kosa la kawaida ni kujenga mnara kama mapambo, halafu mwongozaji anataka kuweka kamera juu yake pamoja na watu watatu. Jibu ni kukadiria uzito huo tangu mwanzo kwa kila mnara, bila kusubiri kuambiwa ni upi utapandwa.

Maji ni adui mwingine. Machimbo hukusanya theluji na mvua. Tope linapendeza kwenye filamu, ila mamia ya waigizaji wa ziada wakipita asubuhi moja hulifanya lisipitike kwa gari la vifaa. Barabara za seti huwekewa tabaka la mawe makubwa chini na tope juu. Tope la picha, mwamba wa kazi.

Kisha barabara ya mawe ya makaburi. Wanazi waliyang'oa mawe ya makaburi ya Wayahudi na kuyatandika kambini, na filamu inalionyesha hilo. Mawe hayo kwenye seti ni nakala. Kwa nakala za kukanyagwa, plasta tupu haifai. Hupasuka chini ya gurudumu la lori na kuonyesha weupe wake ndani, jambo ambalo kwenye picha nyeusi na nyeupe hupiga kelele. Zinahitajika za zege, zenye maandishi ya Kiebrania yaliyochukuliwa kwa kalibu kutoka kwenye mawe ya kweli. Sababu ya kutokuandika kwa kubahatisha ni rahisi: wapo watazamaji watakaoyasoma. Herufi iliyogeuzwa au jina lisilo na maana kwenye jiwe la kaburi ni tusi kwa marehemu.

Kijivu

Hapa ndipo ujuzi wa Starski ulipohitajika zaidi, na ndipo wengi wanaojaribu kuiga kazi hii huanguka.

Spielberg na Kamiński walipiga filamu karibu yote kwa ukanda halisi wa filamu wa nyeusi na nyeupe. Hawakupiga rangi na kuziondoa baadaye. Maana yake ni kwamba rangi ya ukuta inageuka kijivu palepale ndani ya kamera, bila njia ya kurekebisha baadaye ukuta peke yake. Nyekundu ya matofali na kijani cha mlango, zikiwa na mwangaza sawa, zinakuwa kitu kimoja. Chumba ambacho kwa macho kina vitu vinane vinavyotofautiana kinaweza kutoka kwenye ukanda kama bamba moja tambarare.

Kanuni aliyoifuata Starski inajulikana na ni fupi: seti iwe nyeusi zaidi au nyeupe zaidi kuliko watu walio mbele yake, ili wasizame ndani yake. Kuitekeleza ndiyo kazi. Chukua vipimo. Kadi ya kijivu ya wapiga picha inarudisha asilimia 18 ya mwanga. Uso wa Mzungu hurudisha takriban asilimia 35, yaani stopu moja (mwanga maradufu) juu ya kadi. Ili uso utengane na ukuta bila kutegemea taa, ukuta unatakiwa kuwa mbali na hapo kwa stopu moja hivi: ama asilimia 18 kwenda chini, ama 60 na zaidi. Eneo la katikati, la asilimia 25 hadi 50, ni eneo la hatari.

Sasa tazama vifaa vya ujenzi. Mbao mpya za msonobari ziko karibu kabisa na eneo hilo la hatari. Kabanda kapya kasikopakwa kanameza nyuso zote zinazosimama mbele yake. Hivyo mbao huchomwa juujuu kwa tochi ya gesi, husuguliwa kwa brashi ya waya ili nyuzi laini zitoke na ngumu zibaki, hupakwa rangi nyembamba ya kahawia nyeusi, kisha hufutwa kwenye kingo ambako mikono na mvua zingepita. Utaratibu huo unazeesha mbao na, wakati huohuo, unaziteremsha chini ya asilimia 18. Paa la karatasi ya lami ni jeusi tayari. Mwamba wa chokaa na theluji viko juu kabisa. Kwa hiyo Liban, ikiwa na mabanda meusi juu ya sakafu nyeupe, ilikuwa imekwisha kupangwa kwa ajili ya ukanda huo: mtu yeyote anayetembea kati yake anaonekana.

Kijani ndicho kilichoepukwa zaidi, kwenye nguo na kwenye mandhari, kwa sababu hakisomeki vizuri katika nyeusi na nyeupe. Huangukia kijivu kilekile cha katikati. Mbunifu wa mavazi, Anna Biedrzycka-Sheppard, alikuwa na mzigo huohuo kwa waigizaji wa ziada 20,000. Nguo nyingi zilinunuliwa kwa wenyeji, kwa kuwa Poland ya mwanzo wa miaka ya 1990 ilikuwa maskini na watu walikuwa bado wametunza nguo za miaka ya 1930 na 1940.

Kitu kingine kinachoharibu ni mng'aro. Rangi yenye mafuta mengi hurudisha taa kama kioo, na kwenye ukanda wa nyeusi na nyeupe doa jeupe ukutani huvuta jicho kuliko uso. Rangi zote ziwe za kufifia. Na jaribio lifanyike kwa ukanda uleule utakaotumika: zipigwe picha za vibao vya rangi, vibandikwe ukutani vikiwa na thamani zake, fundi achanganye kwa kutazama vibao hivyo. Macho matupu hayafai kwa uamuzi huu hata kidogo.

Nyumba ya Goeth

Amon Goeth alikuwa kamanda wa Płaszów kuanzia Februari 1943 hadi alipokamatwa na SS wenyewe, kikosi cha Kinazi alichokitumikia, Septemba 1944. Alinyongwa Kraków 1946. Filamu inamwonyesha akitoka kwenye baraza ya nyumba yake asubuhi na kuwapiga risasi wafungwa walio chini. Nyumba yake halisi ilikuwepo 1993 na bado ipo. Starski hakuitumia. Alijenga nyumba nyingine juu ya ukingo wa machimbo ili baraza na kambi viingie katika picha moja.

Kwa sinema ni uamuzi wenye nguvu kubwa. Mpangilio wa juu na chini unasema yote kuhusu mamlaka bila neno, na unawezekana kwa sababu tu ardhi ilikuwa shimo. Lakini nyumba ya kweli haikuwa na mwonekano huo. Kilima kilikuwa katikati, na kutoka kwenye baraza yake kambi haikulengeka hivyo. Goeth aliua watu kwa mkono wake, mashahidi walieleza hivyo wazi mahakamani na kwingineko. Aliua kutoka mahali pengine.

Hukumu yetu ni hii: mbunifu ana haki ya kusogeza nyumba, kama alivyokuwa na haki ya kupunguza mabanda. Hatari inakuja pale picha inapokuwa na nguvu kuliko ushahidi. Leo mgeni anasimama mbele ya nyumba halisi, haoni kambi, na anaanza kutilia shaka mauaji yenyewe, wakati kilichosogezwa ni baraza tu. Mwenye kufanya kazi ya namna hii anapaswa kuandika, tangu siku ya kuchora, orodha ya kila kitu alichokihamisha na sababu yake, na orodha hiyo iwafikie wanahistoria na waongoza wageni. Ni karatasi mbili tatu. Hazina gharama.

Mji uliobaki

Kwa geto, Starski hakujenga sana. Geto halisi lilikuwa Podgórze, upande wa kusini wa mto Vistula, lakini sehemu kubwa ilikuwa imekwisha kubadilika. Kazimierz, mtaa wa kale wa Wayahudi upande wa pili wa mto, ulikuwa umechakaa bila kukarabatiwa, kuta zikiwa na lipu iliyobanduka yenyewe. Matukio mengi ya kuvunjwa kwa geto yalipigwa huko, mtaa wa Szeroka na ua wa nyumba ya Józefa 12 wenye ngazi za mbao. Uchakavu wa miaka 50 ulikuwa mali. Fundi rangi hawezi kuutengeneza kwa kiwango cha mtaa mzima kwa fedha zile.

Nje ya kiwanda cha Schindler palikuwa pale pale Lipowa 4, maana jengo lilikuwa limesimama. Mashine za kutengeneza masufuria zilipatikana Olkusz, mji wenye kiwanda cha vyombo vya enameli kilichokuwa bado kikifanya kazi. Hii ndiyo desturi ya studio za Poland ikionekana waziwazi: tafuta kwanza.

Auschwitz-Birkenau ilihitaji ufumbuzi wa aina yake. Jumuiya za Wayahudi zilipinga kupiga filamu ndani ya kambi, na kwa haki. Seti ilijengwa nje, mbele ya lango halisi, ikiwa kama kioo cha ndani. Treni iliwekwa upande wa kambi, ikatoka kupitia lango kuelekea kwenye seti, na kamera iliyoitazama ikaonyesha treni inayoingia. Lango ni la kweli, mwelekeo umegeuzwa, na hakuna mwigizaji wa ziada aliyekanyaga ardhi ya ndani kwa ajili ya tukio hilo.

Kilichoachwa

Seti ya Liban haikuondolewa yote. Sehemu ya barabara ya mawe bandia ya makaburi na nguzo za uzio zilibaki shimoni, zikaota magugu, zikapata kutu. Miaka 10 ilipopita hazikuwa na tofauti na kitu cha kale. Wageni wanaziona na kuamini wamesimama Płaszów.

Jambo hili ni zito kuliko linavyoonekana, kwa sababu Liban ina historia yake ya kweli. Kati ya 1942 na 1944 Wajerumani waliendesha humo kambi ya adhabu ya vijana wa Kipolandi waliolazimishwa kufanya kazi, na baadhi yao waliuawa hapohapo. Seti ya kambi moja imeachwa juu ya mabaki ya kambi nyingine, na ya bandia ndiyo inayopigwa picha. Eneo halisi la Płaszów, ambalo kwa miongo lilikuwa nyasi zisizo na maelezo ya kutosha, lilipata taasisi yake ya makumbusho 2021 tu.

Kinga yake ni ya kawaida kabisa na inapaswa kuwemo kwenye bajeti kabla ya ununuzi wa mbao: fungu la kubomoa lisiloguswa hata upigaji ukizidi gharama, picha za uwanja kabla na baada, na alama ya kudumu nyuma ya kila nakala ya zege, mwaka na neno la kuonyesha ni kifaa cha filamu. Alama hiyo ichongwe ndani ya kalibu, isiandikwe kwa rangi. Jiwe likipinduliwa na mtu miaka 40 baadaye, lijieleze lenyewe.

Warsaw, miaka 8 baadaye

The Pianist ya Roman Polański, iliyopigwa 2001 na kutoka 2002, inaonyesha jinsi Starski alivyolitatua upya tatizo la ardhi. Warsaw ya kabla ya vita haikuwepo, na safari hii hapakuwa na shimo la kuificha Warsaw mpya. Aliigawa kazi katika ardhi tatu. Mitaa yenye uhai ilipatikana Praga, ng'ambo ya mto, sehemu iliyookoka uharibifu wa 1944. Mtaa ambao kamera ilihitaji kuuona mara kwa mara ukibadilika kwa miaka ulijengwa kwenye uwanja wa studio ya Babelsberg, karibu na Berlin. Magofu yalitoka Jüterbog, Ujerumani, kwenye kambi ya zamani ya jeshi la Kisovieti iliyokuwa ikingoja kubomolewa: timu iliyalipua majengo ya kweli.

Magofu ya plaiwudi yana tatizo ambalo halitibiki kwa rangi. Ukuta uliobomoka unaonyesha unene wake, matofali ya ndani, sakafu zinazoning'inia, mabomba, na kifusi chini yake kinalingana na kiasi kilichokosekana juu. Seti ya kawaida hukosea hapo. Ukuta umetoboka lakini chini kuna mikokoteni miwili tu ya matofali. Jengo la kweli likilipuliwa, hesabu hiyo inajifanya yenyewe. Hasara ni kwamba kila mlipuko ni wa mara moja, hivyo madirisha, samani na mabomba yatakayoonekana huamuliwa kabla, na kilichoanguka vibaya hupangwa upya kwa mikono na mashine. Pale mpiga piano, mhusika mkuu wa filamu, anapopanda ukuta na kuuona mtaa mzima uliokufa, sehemu ya mbele ni Jüterbog na upeo umeongezwa kwa kompyuta. Rangi za filamu nazo zinapungua kadiri vita vinavyoendelea, kutoka kahawia yenye joto ya nyumba ya familia hadi kijivu cha vumbi.

Kazi hiyo ilimpa tuzo ya filamu ya Ufaransa, César, ya mandhari 2003. Polański alimwita tena kwa Oliver Twist ya 2005, ambamo London ya karne ya 19 ilijengwa nje, kwenye uwanja wa studio za Barrandov, Prague: ardhi tambarare, isiyo na kaburi wala kumbukumbu ya mtu, na iliyokuwa ya studio yenyewe.